Rika la Sindano

Jumatatu, tarehe 6 Juni 1988. Ukungu umeshuka kutoka msituni tangu alfajiri na haujataka kupanda. Manyunyu tu, yasiyokoma. Nguo nilizofua Jumamosi bado zinadondosha maji kwenye kamba, nami nimekaa jikoni karibu na moto ninaandika, kwa sababu nimestaafu mwezi uliopita na vijana wa mahakamani waliniambia, "Mama Rejina, andika basi hayo unayotusimulia kila siku. Ukifa tutamwuliza nani?" Walisema kwa upendo, nafikiri.

Nina darasa la nne. Nasema mapema ili anayetafuta sarufi aende kwingine. Habari za vyeo sina, maana nilikuwa na vyeo viwili tu, mhudumu na mkalimani, na hicho cha pili nilikipata kwa sababu ya meno ya mtu mwingine.

Niliajiriwa kufagia Mahakama ya Mwanzo hapa Karatu. Lugha nilikuwa nazo tatu: Kiiraqw cha mama yangu, Kiswahili cha shule, na Kimasai, kwa kuwa baba alikuwa mpishi wa kambi ya barabara kule juu Ngorongoro na sisi watoto tulikua tukicheza na watoto wa wafugaji. Mkalimani wakati huo alikuwa Mzee Tluway, mtu mwenye koti moja na maneno machache. Halafu meno yake ya mbele yakaanza kutoka, moja baada ya jingine, mpaka kila neno lenye "s" likawa linapita kama upepo chini ya mlango. Hakimu alimvumilia. Siku moja akachoka, akaniona na ufagio, akauliza, "Huyu mama si anajua Kimasai?" Ndivyo nilivyopanda.

Mzee Tluway hakununa, na hilo namwandikia kwa heshima. Alinifundisha kazi kwa juma zima akiwa amekaa kwenye benchi la mashahidi.

"Mtu akisema 'mimi', na wewe sema 'mimi'," alisema. "Usiseme 'anasema kwamba yeye'. Wewe hupo pale. Wewe ni bomba, maji yanapita."

"Sawa, mzee."

"Na jingine. Nusu ya wazee wa Kimasai wanaokuja hapa wanajua Kiswahili. Wamekisikia mnadani maisha yao yote. Wakiingia humu kinawatoka."

"Sasa kama wanajua, mimi namtafsiria nani?"

"Nimesema tafsiri tu, Rejina."

Sikumwelewa. Mambo mengi aliyosema sikuyaelewa, na mengine mpaka leo.

Siku yangu ya kwanza mshitakiwa alikiri haraka, nami nikasimama mbele ya watu nikasema kwa sauti, "Mimi nilimwiba mbuzi yule, nikamchinja, nikamla, na ngozi nikaificha kwa shemeji." Nyuma kabisa alikuwa amekaa mama mmoja wa kanisani kwetu aliyekuja kukwepa mvua. Alitoka kabla kesi haijaisha. Jumapili mchungaji alihubiri juu ya wizi wa mifugo, na kila alipofika penye toba alinitazama mimi. Nilitaka kusimama nieleze, lakini unaanzaje?

Kazi yangu nyingine ilikuwa kubandika matangazo ubaoni. Gundi ilikuwa haipatikani, tulipika uji wa ngano. Basi mbuzi wa majirani walikuwa wakija mchana kulamba uji, wanaondoka na tangazo lenyewe. Nyie mna gundi ya chupa, hamjui shida. Dawa yake ni kutia mafuta ya taa kidogo kwenye uji. Kidogo. Mkizidisha, wino unayeyuka na watu wanasoma madoa.

Naandika hili la matangazo kwa sababu ndoa za serikali zilianzia pale. Sheria ya Ndoa ilitaka watu wanaotaka kuoana watangazwe siku ishirini na moja, ili mwenye pingamizi alilete. Ilisema pia kwamba mwanamke aliyetimiza miaka kumi na minane anaolewa kwa hiari yake, baba akubali asikubali. Watu wa hapa walipolisikia hilo walicheka, wakadhani ni kosa la chapa. Baba zao hawakucheka.

Sasa nifike kwa Nashipai na Gwandu. Ilikuwa mwaka ule mpaka wa Namanga ulipofungwa, watalii wakapotea barabarani na madereva wa Karatu wakarudi kulima maharage.

Gwandu alikuwa Mwiraqw wa hapahapa, kama miaka thelathini na mitano, mwenye punda saba na mdomo. Alikuwa akipakia mahindi na chumvi anakwenda nayo kwa wafugaji hadi Kakesio, anarudi na ngozi na mbuzi. Mwaka mmoja wa ukame mkali alifika Kakesio na punda wote wamebeba mahindi wakati hakuna mtu mwingine aliyethubutu njia ile. Mzee mmoja pale, jina lake Melau, alimshika mkono mbele ya watu akasema, "Kuanzia leo wewe ni rika langu."

Kwa asiyejua: kwa Wamasai wanaume waliotahiriwa wakati mmoja ni rika moja mpaka kufa. Wanakula pamoja, wanalala nyumba kwa nyumba, wanabebana. Mzee Melau alisema vile kwa shukrani. Gwandu aliichukua kama cheti. Akanunua shuka jekundu. Siku za mnada akawa anasimama kwa mguu mmoja, ameegemea fimbo, Mwiraqw mwenye punda, anajibu salamu za Kimasai kwa sauti ya puani. Alikula nyama ya rika miaka minane. Sisi tulimcheka, lakini nasema ukweli, Kimasai chake kilikuwa kizuri kuliko changu.

Nashipai alikuwa binti wa Mzee Melau. Alikuja Karatu akiwa mkubwa, kujifunza cherehani kanisani, na wakati wa kesi alikuwa na miaka ishirini na miwili kwa cheti cha ubatizo. Mrefu, mkavu, anakutazama kama anapima kitambaa. Gwandu alikuwa akimletea maziwa na salamu za mama yake kutoka Kakesio. Kidogo kidogo salamu zikawa ndefu. Nilibandika tangazo lao mwenyewe, na mbuzi hawakuligusa.

Lakini habari zilipanda mlimani. Mzee Melau alishuka kwa miguu kutoka Kakesio pamoja na wazee wanne wa rika lake, wakalala njiani, wakafika wamejaa vumbi hadi kope. Akaweka pingamizi. Wazee watano kutembea hivyo si mchezo, na ningependa msomaji alijue hilo kabla hatujaanza kucheka.

Hakimu wetu wakati ule alikuwa kijana wa Tanga, mwenye Kiswahili kama kimepigwa pasi, na baridi ya Karatu ilikuwa inamwonea. Alisikiliza kesi zote akiwa amevaa makoti mawili. Kando yake walikaa wazee wa baraza wawili, mmoja amelala.

"Mwambie mzee aeleze sababu ya pingamizi lake," akasema.

Nikatafsiri. Mzee Melau akasimama, akapanga shuka lake begani, akasema maneno mawili tu: "Enkerai enye."

Bomba ni bomba. Nikasema, "Ni mtoto wake."

"Mtoto wa nani?"

"Wake, Mheshimiwa. Wa huyu." Nikamwonyesha Gwandu.

Hakimu aliweka kalamu chini. Alimtazama Gwandu, akamtazama Nashipai, akarudi kwa Gwandu kama mtu anayetafuta pua inayofanana.

"Wewe bwana, huyu binti ni mtoto wako?"

Gwandu akajikuna shingo. Aliwatazama wale wazee wanne kwenye benchi. "Kwa namna moja, Mheshimiwa," akasema, "ndiyo."

"Astaghfirullah! Na umekuja kwangu nikutangazie ndoa?"

Nilijiuliza usiku ule, na bado najiuliza, kama ningeongeza neno moja tu la kueleza. Lakini Mzee Tluway alikataza kuongeza, na mzee alisema alichosema. Aliyetuokoa ni yule mzee wa baraza, aliyeamka kwa ile sauti ya hakimu. "Mheshimiwa, si mtoto wa kuzaa," akasema huku anapiga miayo. "Ni wa rika. Binti wa rika lako ni binti yako. Huwezi kumwoa, ni aibu kubwa." Akalala tena.

Hakimu akashusha pumzi. Akafungua kitabu cha sheria, akasoma polepole orodha ya watu wasioruhusiwa kuoana: mzazi, mtoto, ndugu, shangazi, mjomba, na kuendelea. Mimi nikawa natafsiri ukoo mzima. Alipomaliza akasema, "Rika sioni hapa. Binti ni mtu mzima. Nashipai, umelazimishwa?"

"Na nani?" akajibu Nashipai. "Huyu? Huyu mimi ndiye nimemlazimisha."

"Jibu sawasawa."

"Sijalazimishwa, Mheshimiwa. Namtaka mwenyewe."

Mzee Melau akamgeukia binti yake. Sauti yake haikupanda. "Nashipai, mkubwa wako yupo hapa. Hujamwamkia. Inamisha kichwa kwa rika langu."

Watoto wa Kimasai huwaamkia wazee kwa kuinamisha kichwa ili mzee akiguse kwa mkono. Kama Nashipai angeinamisha kichwa kwa Gwandu mbele yetu, angekuwa amekubali kuwa binti yake, na sheria ingebaki pale mezani inatutazama. Alisimama wima kama mlingoti. Shingo yake haikuinama.

"Nimemwona," akasema. "Tumeshaamkiana."

Mmoja wa wazee akaguna. Hakimu akaona amalize. "Pingamizi halina nguvu kisheria. Sasa wewe, Bwana Gwandu, bado unataka kumwoa?"

Lilikuwa swali la kawaida. Mnajua linavyojibiwa, ndiyo, tunaandika, tunakwenda kunywa chai. Gwandu alifungua mdomo. Akawatazama wale wazee watano waliomchinjia miaka minane. Mdomo ukajifunga.

"Mheshimiwa," akasema, "naomba nafasi nifikiri."

Nashipai aligeuka akamtazama kuanzia viatu mpaka juu, hakuharakisha. "Sheria imenipa ruhusa ya kuolewa," akasema kwa Kiswahili ili hakimu asikie bila mimi. "Haikunipa mwanaume wa kunioa."

Hakimu akaamuru mapumziko.

Nilimkuta Nashipai nyuma ya mahakama, karibu na pipa la maji, anang'oa majani ukutani kama ana kinyongo nayo.

"Mama Rejina, niambie. Huyo mwanaume ni wa namna gani?"

Mkalimani hatoi ushauri. Nikasema, "Unataka kiti?"

"Sitaki kiti! Nimekataa wanaume wawili wenye ng'ombe kwa ajili yake. Baba hajaniita jina langu tangu afike, leo ndiyo mara ya kwanza, na ameniita ili niiname. Nikirudi Kakesio bila mume nitacheka na nani? Yeye anaogopa kupoteza nyama!"

"Si nyama," nilisema, nikajutia, kisha nikaendelea kwa kuwa haki ni haki. "Ni kuitwa. Hapa Karatu hakuna anayemwita chochote. Kule wanamwita rika."

Akaacha kung'oa majani. "Kuna kitu anakijua," akasema baadaye, taratibu. "Aliniambia mara moja, akaniapisha. Akikisema tu, yamekwisha. Mimi siwezi kumsemea, ni mambo ya wanaume." Akafuta mikono kwenye kanga. "Na asiposema, Mama Rejina, nitajua."

Tuliporudi ndani Gwandu alikuwa tayari amesimama. Alikuwa amevua lile shuka jekundu, amelikunja mkononi, amebaki na shati lake la kaki lenye kiraka. Alionekana mfupi.

"Mheshimiwa, nataka kueleza jambo," akasema kwa Kiswahili. "Mimi si rika la Mzee Melau. Siwezi kuwa. Wao walikatwa kwa kisu, alfajiri, kwenye baridi, na hakuna aliyepepesa jicho. Mimi nilitahiriwa hospitali." Akalikaza lile shuka mkononi. "Nililala kitandani. Nilichomwa sindano ya ganzi. Na hata hiyo sindano nililia. Nesi alinishika mkono akaniimbia."

Hakimu alikuwa anaandika kwa bidii asionekane uso.

"Mkalimani," akasema bila kuinua kichwa, "watafsirie wazee."

Vijana wangu, nimefanya kazi hii kwenye kesi za mauaji ya mifugo, matusi, na mtu aliyemng'ata mkwewe sikio. Hakuna iliyonitoa jasho kama ile. Mwanamke hasemi mambo ya jando mbele ya wazee wa Kimasai. Hata kuyasikia hatakiwi. Nikanyoosha mkono. "Mheshimiwa, pengine atafutwe mwanaume."

"Nani mwingine hapa anajua lugha zote mbili?"

Tukatazamana. Mzee Tluway alikuwa amehamia Mbulu. Mwanaume pekee chumbani aliyejulikana kuzijua zote mbili ni Gwandu, na yeye alikuwa ametumia ujasiri wake wote kwa Kiswahili.

Basi nikawageukia wale wazee. Nikatazama ukutani juu ya vichwa vyao, palipokuwa na picha ya Rais, nikaomba msamaha wake kimoyomoyo. Na kwa Kimasai, kwa sauti ya kusikika, kama nilivyofundishwa, nikasema:

"Mimi si rika lenu. Mimi nilitahiriwa hospitali. Nilichomwa sindano, nikalia, na nesi akaniimbia."

Mzee wa mwisho kwenye benchi, mwenye hereni za shanga, akatoa sauti kama birika linalochemka. Wa pili akadondosha fimbo. Walicheka mpaka wakashikana mabega, machozi yakachora njia kwenye vumbi la nyuso zao. "Huyu mama!" mmoja alikuwa analia. "Hata huyu mama!" Mzee wa baraza akaamka, akauliza kuna nini, hakuna aliyeweza kumwambia.

Mzee Melau alikuwa wa mwisho. Alijizuia, mdomo ukamponyoka upande mmoja, akaufunika na shuka. Alipoufunua alikuwa ameshakuwa mzee tena.

"Nyama yote ile," akamwambia Gwandu. "Miaka minane. Mbavu. Mafuta ya mkia. Tumemlisha mtoto!"

"Ndiyo, baba," akasema Gwandu. Ilikuwa mara ya kwanza kumwita baba.

"Kama ni mtoto, sina pingamizi la rika." Nikatafsiri. "Nina lingine. Simpendi. Ni mwongo na ni mwoga wa sindano." Nikatafsiri hilo pia, kwa ukamilifu, nikisema "simpendi" kama mimi.

"Kutopendwa hakumo kwenye orodha," akasema hakimu, akagonga muhuri wake.

Nje, Nashipai alimwendea baba yake akainamisha kichwa. Mzee alikigusa, kiganja chote, kikakaa pale. Kisha Gwandu akasogea. Mtu wa miaka thelathini na mitano, aliyekuwa amezoea kupeana mikono na wazee wale kama mwenzao, akainamisha kichwa chake kwenye foleni kama mtoto anayetoka machungani. Mzee Melau akaanza mazungumzo na wenzake juu ya majani ya njiani. Akaeleza majani. Akaeleza kisima. Gwandu kainama tu, shingo mbele, watu wa sokoni wamesimama kutazama. Mwishowe mzee akanyoosha fimbo yake, akamgusa utosini kwa ncha, kama anavyoguswa ndama anayehesabiwa. Basi, akawa amehesabiwa.

Nilikuwa nakusanya viti Mzee Melau aliponifuata mlangoni.

"Yeyo," akasema, ndivyo wanavyomwita mama, kisha akaendelea kwa Kiswahili safi kabisa cha mnadani: "Umefanya kazi nzuri. Ila siku nyingine usiseme 'mimi'. Utaua wazee."

Nilibaki na kiti mkononi. "Mzee, kumbe Kiswahili unakijua! Uliposikia Gwandu anasema ulielewa?"

"Nilielewa. Lile neno 'mtoto wake' pia nilielewa ulivyolisema, nikaona hakimu anatoa macho. Nikanyamaza. Lilinifaa."

"Sasa kwa nini uliniacha niseme ile aibu?"

Akafikiri. "Alipoisema yeye, moyo wangu ulichukua fimbo. Nilitaka kumpiga. Ulikuwa bado hujasema wewe, kwa hiyo nilikuwa bado sijasikia. Nikakaa nikajiuliza, nikisikia, nitafanya nini?" Akatazama barabarani, binti yake alipokuwa anaondoka na yule mwenye punda. "Ukasema. Nikawa nimeshajua."

Akaenda zake. Mimi nilisimama pale mpaka hakimu akauliza kama viti vimeota mizizi. Tangu siku hiyo nilipunguza mwendo wa kutafsiri. Mahakimu waliofuata walilalamika kwamba nimezeeka. Sina hakika kama nilifanya vizuri, huenda niliwachelewesha watu bure. Lakini nilikuwa nikiwatazama wazee usoni wakati neno bado liko kwangu, na mara nyingine niliona fimbo ikishuka.

Gwandu mpaka leo kule Kakesio anaitwa Sindano. Wanawe wanaitwa watoto wa Sindano, na wanajibu. Mzee Melau amekuja juzi kuonana nao, amefikia kwao, na jana wamemchinjia mbuzi. Jioni hii Nashipai amepita kwenye ukungu na shuka kichwani, ameniletea paja. Nilimwuliza kama mzee bado anamketisha mume wake kula pamoja na watoto.

"Mpaka leo," akasema. "Jana amepewa shingo, fungu la watoto."

Mimi na yeye tumekula paja hilo kwa ugali wa moto, mboga ya mchicha pembeni, na mchuzi tumeunywa kwa vikombe.